Kutoka Mersey hadi Elbe: safari ya kuwafuata Liverbirds

Jumanne, Liverpool

Nimefika saa sita mchana, mvua inanyunyiza na upepo wa mtoni unapenya koti. Nilikwenda moja kwa moja Pier Head, ukingoni mwa mto Mersey. Ukiinua macho pale unaliona Royal Liver Building, jengo la mwaka 1911 lenye minara miwili, na juu ya kila mnara amesimama ndege wa shaba mwenye mabawa yaliyonyanyuka. Kila ndege ana urefu wa mita tano na ushei. Ndio nembo ya mji, na wenyeji wanawaita Liver birds. Mwaka 1963 wasichana wa mji huu walijichukulia jina hilo, wakaanzisha bendi: The Liverbirds.

Waliokuja kujulikana ni wanne. Valerie Gell alipiga solo. Pamela Birch alipiga rithim na kuimba, kwa sauti nzito ambayo mtu akiisikia bila picha hukisia mwimbaji mwenye umri mara mbili ya wake. Mary McGlory alishika besi. Sylvia Saunders, mdogo wa umbo, alikaa nyuma ya drams. Mwaka 1964 walivuka bahari kwenda Hamburg, bandari ya Ujerumani kwenye mto Elbe, na kwa miaka minne wakafanya kazi ambayo bendi nyingi za wanaume za wakati ule hazikuifikia: albamu mbili, wimbo uliofika namba tano Ujerumani, ziara hadi Japani. Lakini kwao Uingereza hawakuingia kwenye chati hata mara moja. Ukiwataja mbele ya watu wanaojua muziki wa miaka ya sitini, wengi watakutajia Beatles, Searchers, Gerry and the Pacemakers, kisha wanyamaze.

Nadhani sababu ni njia waliyopita. Kazi yao ya maana ilifanyika ng'ambo, santuri zao zilitoka ng'ambo, na sifa ikabaki ilikofanyika kazi. Ndiyo maana nimeamua kuisafiri njia yenyewe kwa treni na meli, ingawa ndege ingenifikisha Hamburg kabla ya chakula cha mchana.

Na nina sababu yangu. Napiga besi kwenye bendi ya dansi Tanga. Baada ya karibu kila onyesho kuna mtu husogea jukwaani kuniuliza nani amenifundisha, au mume wangu ni yupi kati ya wale. Mpiga solo wetu hajawahi kuulizwa. Kwa hiyo niliposikia kwamba mwaka 1964 kulikuwa na besi, drams, rithim na solo, vyote mikononi mwa wasichana, na kwamba walilipwa mshahara kwa kazi hiyo usiku baada ya usiku, nilitaka kuona mahali ilipotokea.

Jumatano, bado Liverpool

Mathew Street ni kichochoro kifupi kuliko sifa zake. Asubuhi malori yalikuwa yakishusha mapipa ya bia, na baa ya kwanza ilikwisha kufungulia nyimbo za Beatles kabla ya saa nne. Cilla Black amesimamishiwa sanamu pale, na ukutani kuna matofali yenye majina ya makundi yaliyopiga kwenye klabu ya Cavern tangu 1957 hadi 1973. Ni mengi mno. Nilisimama nikiyasoma mpaka shingo ikauma. Miaka ile ya mwanzo wa sitini inasemekana eneo hili lilikuwa na makundi zaidi ya 300. Kijana mmoja, Bill Harry, aliona kuna habari za kutosha kuanzisha gazeti zima la muziki wa mji wake. Mersey Beat lilitoka kwa mara ya kwanza Julai 1961.

Cavern yenyewe ilikuwa ghala la chini ya ardhi kabla ya kugeuzwa klabu ya jazi. Ilifungwa 1973, jengo likavunjwa, na mwaka 1984 ikajengwa upya kwa maelfu ya matofali yaleyale. Nilishuka ngazi hadi chini. Dari ni matao ya matofali, chini kiasi cha mtu mrefu kuyagusa. Nilipiga kofi moja ili nisikie. Sauti haina pa kukimbilia humo. Tofali linakurudishia kila kitu usoni. Kama mpigaji nikaelewa jambo ambalo santuri haikunieleza: kwa nini wapiga drams wa Liverpool walikanyaga besi drams kwenye mapigo yote manne. Ukipiga kwa upole humo ndani utazikwa na kelele za watu. Kundi moja la hapa, The Big Three, lilijulikana kwa kupiga kwa nguvu kuliko wote, na mpiga gitaa wao Adrian Barber aliunda maspika marefu ya mbao ambayo wenzake waliyaita majeneza. Huyo Barber nitamkuta tena Hamburg.

Humu ndani ndimo Mary McGlory alimowaona Beatles mwaka 1962. Alikuwa msichana wa Kikatoliki, na wazo lake la maisha hadi hapo lilikuwa kwenda utawani. Amesimulia mara nyingi kwamba alitoka Cavern akiwa na wazo jingine: wao wangekuwa wasichana wa kwanza kufanya vile. Si kuimba mbele ya bendi ya wanaume. Kupiga vyombo wenyewe. Walinunua vyombo kabla hawajajua kuvitumia, wakapata bahati kubwa ya kumpata Valerie Gell, ambaye gitaa alikwisha kulijua na aliwasaidia wenzake kujifunza.

Mambo hayo ya kununua vyombo kwanza na kujifunza baadaye yaliwezekana kwa sababu ya duka la Hessy, hatua chache kutoka hapa. Halipo tena. Vijana wa mji walichukua magitaa pale kwa kulipa kidogokidogo kila wiki, na deni lenyewe likawa kocha: mtu anayedaiwa gitaa hana njia ila kulifanyia kazi. Nasi kwetu najua wapigaji waliopata kuwa hodari kwa sababu hiyohiyo.

Mary anasimulia pia kwamba walipokutanishwa na Beatles nyuma ya jukwaa, John Lennon aliwaambia wasichana hawapigi magitaa. Mwaka 2019 ukumbi wa Royal Court wa hapahapa Liverpool ulionyesha mchezo wa jukwaani wa maisha ya Liverbirds, na maneno hayo ndiyo yaliyowekwa kuwa jina la mchezo. Mary na Sylvia, wakiwa wamepita miaka sabini, walipanda jukwaani wakapiga.

Alhamisi, Toxteth hadi Harwich

Nilikuwa na asubuhi moja tu iliyobaki, na nikaitumia Toxteth, mtaa ambao wenyeji wanauita Liverpool 8. Hapa kuna jamii ya watu weusi ya siku nyingi kuliko karibu zote za Uingereza, mabaharia na wajukuu wa mabaharia. Watalii wa Beatles hupitishwa kwa basi upande mwingine wa mji. Ni hasara yao, kwa sababu njia ya kwenda Hamburg ilifunguliwa na watu wa mtaa huu.

Kisa chenyewe ni hiki. Harold Phillips alizaliwa Trinidad, akafika Uingereza mwaka 1948 kwa meli ya Empire Windrush. Watu walimwita Lord Woodbine, kwa jina la sigara. Alifungua vilabu huku Toxteth, akapiga ngoma za chuma za Trinidad, na akashirikiana kibiashara na Allan Williams, mwenye mgahawa wa Jacaranda wa Slater Street. Bendi ya ngoma za chuma iliyokuwa ikipiga Jacaranda ilipata kazi Hamburg, ikaondoka, kisha ikaandika barua kusema huko kuna pesa na watu wana hamu ya muziki. Kwa barua hizo Williams na Woodbine walikwenda kujionea mwanzoni mwa 1960. Kundi la kwanza la roki la Liverpool kupelekwa lilikuwa Derry and the Seniors, na mwimbaji wake, Derry Wilkie, alikuwa kijana mweusi wa hapahapa. Beatles walifuata Agosti mwaka huohuo, watu kumi wamebanana kwenye gari moja, Woodbine mmoja wao, wakipokezana usukani na Williams.

Mtaa huuhuu ulitoa The Chants, vijana watano weusi walioimba kwa kupangana sauti. Novemba 1962 walipopata kuimba Cavern, waliowapigia vyombo ni Beatles wenyewe. Walirekodi, wakazunguka, na hawakupata wimbo uliopanda chati. Mmoja wao, Eddie Amoo, baadaye alijiunga na The Real Thing, kundi la mdogo wake Chris, lililoongoza chati za Uingereza mwaka 1976. Nilitembea Upper Parliament Street kwa saa nzima nikiwaza hesabu hiyo, miaka kumi na minne kutoka Cavern hadi namba moja, ndani ya familia moja.

Mchana nikapanda treni hadi London, nikavuka mji, nikapanda nyingine hadi Harwich. Kuna picha ya gari lile la 1960 likiwa linaning'inia kwenye kreni bandarini hapa, likipakiwa melini, vijana wameliangalia kutoka chini. Siku hizi magari yanaingia yenyewe kwa mdomo wa meli. Sisi wa miguu tukapanda ngazi za umeme. Meli iling'oa nanga saa tano usiku. Chumba changu hakikuwa na dirisha, na injini ilinguruma sauti moja usiku kucha, nzito, ya chini. Mpiga besi hulala vizuri kwenye sauti kama hiyo.

Ijumaa, Hoek van Holland hadi Hamburg

Uholanzi saa mbili asubuhi, ukungu na matoroli ya mizigo. Treni, kubadilisha treni, mkate wa jibini, kubadilisha tena. Gari la akina Williams lilipitia Arnhem, wakasimama kwenye kumbukumbu ya askari waliokufa vita vya pili na kupiga picha chini ya maandishi yanayosema majina yao yataishi milele. Woodbine yumo kwenye picha hiyo. Vitabu vingi vya Beatles vinaichapa.

Baada ya mpaka wa Ujerumani nchi ni tambarare, mahindi na vinu vya upepo. Osnabrück nilingoja kuliko ilivyoandikwa kwenye tiketi. Kisha Bremen, na hapo nilikaa dirishani, kwa sababu Radio Bremen ndiyo iliyoanzisha Beat-Club, kipindi cha televisheni kilichowaingizia vijana wa Ujerumani muziki huu sebuleni, wazee wao wakikunja nyuso. Kipindi cha kwanza kilirushwa tarehe 25 Septemba 1965. Liverbirds walikuwamo, siku ya kwanza kabisa. Mtu anayesema walikuwa kivutio cha pembeni, cha kuchekesha watu kwa kuwa ni wasichana, na aeleze kwa nini watayarishaji waliokuwa na chaguo la makundi yote ya kaskazini mwa Ujerumani waliwaita wao kufungua.

Mama mdogo alinipokea kituo cha Altona, koti jeusi hadi magotini na mtandio wa Tanga shingoni.

“Shikamoo mama.”

“Marahaba mwanangu. Umekonda. Wazee hawajambo?”

“Hawajambo, wanakusalimu sana.”

Ameishi Hamburg tangu mimi niko shule ya msingi, amefanya kazi ya uuguzi, na sasa amestaafu. Mji huu na pwani yetu wanajuana kwa meli tangu zama za Wajerumani, Kiswahili kimefundishwa hapa zaidi ya miaka mia moja, na tangu 2010 Hamburg na Dar es Salaam ni miji dada. Nyumbani kwake kulikuwa na wali wa nazi na samaki wa kupaka, nikala mpaka nikaona aibu. Nilipomwambia nimekuja kufuatilia bendi ya wasichana wa Liverpool, hakushangaa. Alisema juu ya ngazi, ghorofa ya tatu, kuna bibi wa Kijerumani aliyekuwa akienda ujanani Star-Club, klabu walikopiga wasichana hao, na kesho tutakwenda kumwamkia.

Jumamosi, Hamburg

Große Freiheit asubuhi ni mtaa wa wafagiaji. Taa za vilabu zimezimwa, mpira wa maji unapita kwenye mawe ya barabara, na watu wenye mifuko mikubwa wanaokota chupa tupu za kurudisha dukani. Namba 36 ni Kaiserkeller, walipopiga akina Derry Wilkie. Juu kidogo, namba 64, ni Indra, walipoanzia Beatles. Nilichokuja kukiona ni namba 39.

Star-Club ilifunguliwa tarehe 13 Aprili 1962 ndani ya jumba lililokuwa sinema. Mwenyewe aliitwa Manfred Weissleder. Kabla yake vilabu vya St. Pauli, eneo hili la starehe, viliwapigisha vijana wa Kiingereza saa sita, hata nane, kwa usiku, mpaka sauti zinakauka. Weissleder aliweka jukwaa kubwa, akapanga bendi kadhaa kupokezana usiku mmoja, akaleta wakubwa wa Marekani: Ray Charles, Little Richard, Jerry Lee Lewis. Na mambo ya sauti akamkabidhi Adrian Barber, yule wa majeneza, aliyekuja na Big Three na kubaki. Hebu fikiria ukumbi wa namna hiyo kwa mpigaji. Unashuka jukwaani baada ya zamu yako, unasimama pembeni na soda, na anayepanda baada yako ni mtu ambaye nyimbo zake ndizo ulizojifunzia gitaa.

Jumba lilifungwa siku ya mwisho ya 1969, likaungua miaka ya themanini, na likabomolewa. Kilichopo sasa ni ua nyuma ya lango, na ndani yake bamba jeusi lenye majina ya wasanii waliopita pale. Nililigusa. Lilikuwa baridi na lina umande, na mtu alikuwa ameacha kikombe cha kahawa chini yake. Nilikaa kwenye kizingiti zaidi ya nusu saa. Liverbirds walifika hapa na umri wa miaka kumi na saba, kumi na nane, kumi na tisa. Pamela ndiye aliyekuwa mkubwa na hakuwa na ishirini.

Nilipotoka uani ndipo nikaona kitu ambacho sikukitarajia. Namba 43, jirani kabisa, ni kanisa Katoliki la Mtakatifu Yosefu, uso wake wa karne ya 18, limejengwa upya baada ya mabomu ya vita. Liko katikati ya vilabu, mlango kwa mlango na mtaa wote wa starehe. Nikamkumbuka Mary aliyetaka kuwa mtawa. Kila jioni aliyokwenda kazini Star-Club, kanisa lilikuwa palepale.

Nikatembea hadi Neuer Pferdemarkt, kwenye Hotel Pacific, walikolala wasanii wengi wa Star-Club. Ni kama dakika kumi na tano kwa miguu. Nilitaka kuijua njia ya kurudi nyumbani alfajiri, vyombo vimeachwa ukumbini, masikio yanavuma, viatu mkononi. Njia hiyo wapigaji wote tunaijua, ya mji wowote.

Mchana mama mdogo akanipandisha ghorofa ya tatu. Bibi yule ana miaka themanini kasoro, nywele fupi nyeupe, na alikuwa ametandika meza kwa keki ya tufaha. Mama mdogo alitafsiri pale Kijerumani changu kilipokwama, yaani karibu kote. Santuri alikuwa ameitoa tayari: Star-Club Show 4, albamu ya kwanza ya Liverbirds, ya 1965. Pembe za jalada zimelika. Aliishika kwa viganja viwili pembeni, bila kugusa mistari, akaipuliza, akaishusha.

Nilikuwa nimewasikia kwenye simu tu. Kwenye spika za kweli ni watu wengine. Sylvia anapiga kwa mkono mzito, sauti ya drams inakuja mbele kabisa. Gitaa la Valerie lina makali, haliombi ruhusa. Na Pamela anaimba bila kulegeza sauti ili apendeze. Nyimbo nyingi ni kopi, za Chuck Berry, za Bo Diddley, kama zilivyokuwa za makundi yote ya wakati ule. Pamela alitunga pia zake mwenyewe. Peanut Butter ni wimbo mwepesi wa kucheka nao. Mimi ulionikamata ni Diddley Daddy, ule uliofika namba tano. Ule mdundo wa Bo Diddley, ukiupiga makofi, ni matatu kisha mawili, matatu kisha mawili. Kila mtu aliyekulia kwenye rumba ya Kongo anaujua tangu mgongoni mwa mama yake, maana rumba yetu iliupokea kutoka Kuba, na Kuba iliupokea kutoka Afrika, na Bo Diddley wa Mississippi aliukuta kwa njia yake. Nikaanza kuupiga mezani kwa vidole. Mama mdogo akaingia na vijiko. Bibi akacheka, akaongeza sauti, na kwa dakika mbili na nusu tulikuwa bendi.

Baadaye alituambia mambo ambayo sikuyasoma popote. Kwamba wavulana walikwenda kuwatazama Liverbirds kwanza kwa kudhani ni mchezo, wakaishia kusogea karibu kuangalia vidole. Kwamba wasichana walisimama upande wa drams. Kwamba yeye alikuwa karani wa ofisi ya meli, na mwaka ule alinunua gitaa kwa mshahara wake wa miezi miwili, mama yake akalia. Gitaa lipo, juu ya kabati. Nilimwomba nilishike. Nyuzi zimeota kutu, shingo imepinda kidogo, lakini kwenye ubao wa vidole, chini ya nyuzi za kati, kuna mabaka ya mbao iliyolika. Hayo hayatokei kwa gitaa la kuning'iniza ukutani. Nilimuuliza alipiga kwa muda gani. Akasema mpaka alipoolewa.

Jumapili, Hamburg

Soko la samaki la hapa linaanza saa kumi na moja alfajiri majira ya joto na kufungwa saa tatu na nusu asubuhi, ili watu wawahi kanisani. Wanamuziki wa St. Pauli walishuka huku baada ya kazi ya Jumamosi usiku, wakanywa chai au bia na kula mkate wa samaki. Mama mdogo aliniamsha saa kumi. Wauzaji wamesimama juu ya malori wakinadi kwa sauti za kukwaruza, mmoja anarusha ndizi kwenye umati, mwingine anauza mikunga iliyokaushwa kwa moshi. Ndani ya jumba la mnada la 1896 bendi ilikuwa inapiga roki, na wachezaji ni mchanganyiko wa ambao hawajalala na ambao wameamka mapema. Tulinunua samaki wa moshi, tukala tumesimama, tukitazama meli ya makontena ikipanda mto.

Mama mdogo aliniuliza iliishaje. Nikamweleza hapo hapo.

Iliisha kwa ndoa na kwa maradhi, kama zilivyoisha kazi za wanawake wengi. Kijana aliyempenda Valerie alipata ajali ya gari akienda kumwona, akapooza. Valerie aliolewa naye akiwa katika hali hiyo, akamuuguza miaka 26 hadi kifo chake. Sylvia aliolewa, akapata ujauzito. Ilipokuja ziara ya Japani mwaka 1968 wote wawili hawakuweza kwenda. Mary na Pamela walikwenda na wasichana wawili wa Kijerumani kujaza nafasi, na waliporudi wakakubaliana kwamba bila wale wawili si bendi ileile. Wakavunja. Wakubwa wao walikuwa na miaka ishirini na nne, hata haijatimia. Pamela alibaki Hamburg hadi alipofariki mwaka 2009. Valerie alifariki 2016. Mary aliolewa na Frank Dostal, mwanamuziki wa hapa, mmoja wa watunzi wawili wa Yes Sir, I Can Boogie, wimbo uliopigwa kwenye kila harusi ya utoto wangu bila mtu kujua umetoka nyumba gani. Mwaka 2024 Mary na Sylvia walitoa kitabu cha maisha yao.

“Kwa hiyo hawakurudi kwao?” mama mdogo akauliza.

“Wengine walikaa hukuhuku, mama. Kazi ilikuwa huku.”

“Hilo nalielewa,” akasema, akafuta vidole kwa karatasi.

Jioni nimemtumia kiongozi wa bendi yetu ile Diddley Daddy, nikamwandikia kwamba naomba tuiingize kwenye orodha, iwe ya pili, kabla ya rumba za kwanza, kwa sababu mdundo ni mmoja na watu hawatahitaji kubadilisha hatua. Ameijibu usiku huu. Anasema mpiga drams ameisikiliza mara tatu na anataka kujua huyo anayepiga ni nani. Nimemwandikia jina lake lote, Sylvia Saunders, na mazoezi ni Alhamisi.